Kusadikika Inangoja Mchoraji

Kipande kilikuwa kadi tu. Juu yake palikuwa na namba, kisha jina la mtu kwa jinsi karani alivyolisikia, na chini yake visanduku 30. Mkata mkonge akimaliza kazi yake ya siku na mnyapara akiridhika na hesabu ya matita, kisanduku kimoja kilitiwa alama. Vikijaa vyote 30, ndipo mshahara wa mwezi ulipolipwa. Siku aliyoshikwa na homa haikuhesabiwa, wala siku ambayo matita yalipungua. Kwa hiyo mwezi wa mkata mkonge haukuwa ule unaoandama angani. Ulikuwa mwezi wa kadi, na kadi ilikuwa na urefu wake.

Waliobeba vipande hivyo katika mashamba ya Tanga, Muheza, Korogwe na Pangani waliitwa manamba, na kila anayezungumza Kiswahili anaisikia "namba" ndani ya neno hilo. Walitoka Songea, Kigoma, Iringa, Msumbiji, Rwanda na Burundi. Mwaka 1944 chama cha wakulima wakubwa wa mkonge kiliunda ofisi maalumu ya kuwaandikisha, ikajulikana kwa kifupi kama SILABU. Mtu aliondoka kwao akiwa mwana wa fulani, ndugu wa fulani, fundi wa ngoma fulani. Akishuka stesheni Tanga, alikuwa tarakimu.

Mkonge wenyewe ulikuja mwaka 1893. Mtaalamu wa Kijerumani, Richard Hindorf, aliagiza miche 1,000 kutoka Florida, ikafika hai 62, ikapandwa Kikogwe karibu na Pangani. Kutoka miche hiyo 62 lilizuka zao lililoijaza Tanga reli, maghala, nyumba za mabwana na kambi za vibarua. Likaijaza pia karatasi: vipande, daftari za mishahara, orodha za watoro, risiti za kodi.

Msanii anayetaka kutengeneza filamu fupi ya katuni kuhusu mtu mmoja anayepambana na urasimu, yaani ofisi isiyomjua mtu ila karatasi yake, hahitaji kusafiri mbali na pwani hii. Hadithi iko hapa. Imeishi hapa zaidi ya miaka 100, na mmoja wa waandishi wakubwa wa lugha yetu ameiandika akiwa mwenyewe ndani ya ofisi hiyo.

Senema nayo iliingia mkoani kwa mlango uleule wa mkonge. Mwaka 1926 Mwingereza mmoja, Meja L. A. Notcutt, alikuwa akisimamia mashamba ya mkonge Afrika Mashariki. Akawaza kwamba senema ya shambani ingesaidia kuwafanya vibarua waridhike na kutulia kazini. Wazo hilo lilikua. Mwaka 1935, kwa fedha za taasisi ya Carnegie ya Marekani na baraka za serikali za kikoloni, ulianza mradi wa kutengeneza filamu za elimu kwa ajili ya Waafrika. Makao yake yalikuwa Vugiri, katika milima ya Usambara juu ya Korogwe. Notcutt aliongoza kazi ya kupiga picha, na mwenzake G. C. Latham alisimamia upande wa elimu.

Hadi mradi ulipofungwa mwaka 1937, Vugiri ilikuwa imetoa filamu zipatazo 35. Zilikuwa bubu, na sauti yake ilipigwa kwenye santuri kando ya mashine, kwa Kiswahili na lugha nyingine za maeneo zilikopelekwa. Gari lilizunguka Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Shuka jeupe lilitandazwa uwanjani, jenereta likawashwa, na watu ambao hawajawahi kuona picha ikitembea wakakaa chini kutazama.

Walitazama nini? Zilikuwapo filamu za safura, malaria ya watoto wachanga na mmomonyoko wa ardhi, na hizo zilikuwa na faida yake, haifai kuzibeza. Lakini zilikuwapo nyingine mbili zinazohusu jambo letu moja kwa moja. Ya kwanza ilihusu Benki ya Akiba ya Posta: mtu mmoja anafukia fedha zake ardhini na mwizi anazichukua, mwenzake anazipeleka posta na zinabaki salama. Ya pili ilihusu kodi. Ilieleza fedha za mlipaji zinakwenda wapi.

Katika filamu hizo kamera ilisimama upande wa ndani wa dirisha la karani. Kutoka hapo ofisi inaonekana safi, ina mpango, inajua itendalo. Anayekosea ni yule wa nje, mwenye hofu na mazoea yake ya kufukia shilingi chini ya kitanda. Hakuna aliyemuuliza kwa nini anaogopa. Mlipa kodi aliyetazama filamu ile Handeni au Lushoto hakuwa na pa kuulizia lolote, maana santuri haijibu swali. Ofisi ilipata filamu ya kumweleza mtu mambo yake. Mtu hakupata filamu ya kuieleza ofisi ya kwake.

Jibu lilitoka kwingine, kwa kalamu.

Mwaka gari la Vugiri lilipoanza safari zake, Shaaban Robert alikuwa na umri wa miaka 26 na alikuwa karani wa forodha. Alizaliwa tarehe 1 Januari 1909 Vibambani, Machui, kusini ya mji wa Tanga katika njia ya kwenda Tongoni na Pangani. Alisoma Dar es Salaam, akaingia kazini mwaka 1926, na kwa miaka mingi hakuondoka katika utumishi wa serikali: forodha hadi mwaka 1944, kisha Idara ya Wanyama huko Mpwapwa, kisha ofisi ya wilaya Tanga kuanzia 1946, kisha idara ya upimaji hapo hapo Tanga hadi mwanzoni mwa miaka ya 1960. Alifariki Juni 1962, miezi michache baada ya uhuru. Wasomaji humkumbuka kama mshairi na wanafunzi humkumbuka kwa mitihani. Watu husahau kwamba siku nyingi za maisha yake, kuanzia asubuhi, alikuwa mezani akiandika yale ambayo ofisi ilitaka yaandikwe.

Pangani, mojawapo ya vituo vyake vya forodha, si mahali pa kawaida katika historia ya makaratasi. Tarehe 16 Agosti 1888 Kampuni ya Wajerumani ya Afrika Mashariki ilianza kukusanya ushuru wa forodha wa pwani hii kwa mkataba iliofunga na Sultani wa Zanzibar. Mwakilishi wake Pangani, Emil von Zelewski, ambaye watu walimpachika jina la Nyundo, alidai bendera ya kampuni ipandishwe na liwali awe chini yake. Mji uliwaka. Vita vya Abushiri bin Salim vilianzia hapo, na viliishia hapo: Abushiri alinyongwa Pangani tarehe 15 Desemba 1889. Vita hivyo vilikuwa na sababu nyingi, za biashara, dini na heshima. Hata hivyo, mlango vilikoingilia ulikuwa nyumba ya ushuru. Watu walitaka kujua nani amempa mgeni yule haki ya kuketi kwenye meza ile.

Miongo minne baadaye, katika mji huohuo, kijana wa Machui alikuwa mmoja wa wanaoketi kwenye meza za ushuru.

Karani Mwafrika wa enzi ile alikuwa na dirisha mbele yake na dirisha jingine nyuma yake. Mbele walisimama manahodha, wachuuzi, wenye mizigo. Kwao yeye ndiye serikali. Nyuma aliketi bwana mkubwa, na kwa bwana huyo karani mwenyewe alikuwa mwombaji: aombe likizo, aombe nyongeza, angoje uhamisho ambao hakuuchagua. Barua ambazo Shaaban Robert alimwandikia ndugu yake Yusuf Ulenge kuanzia mwaka 1931 hadi 1958 zilitolewa kitabu mwaka 2002, na msomaji wake hukutana na mtu anayepigania nafasi ya kuandika ndani ya maisha ambayo ratiba yake imepangwa na wengine.

Mwaka 1951 kikatoka kitabu chake kiitwacho Kusadikika. Ni kitabu chembamba. Nchi ya Kusadikika inaelea angani. Mtu mmoja, Karama, anashtakiwa na waziri aitwaye Majivuno mbele ya mfalme na baraza. Kosa lake? Amewafundisha watu uanasheria. Amewafundisha namna ya kusimama barazani na kujieleza.

Hapo inafaa kusimama kidogo, maana ndipo penye kiini. Karama hakuiba. Hakumpiga mtu, hakukataa kodi, hakuchoma boma. Alichofanya ni kumpa mtu wa kawaida maneno ya kutumia mbele ya meza. Na kwa Majivuno hilo ni kubwa kuliko wizi, kwa kuwa mwizi anaiacha meza mahali pake. Anayefundisha watu kujitetea anaisogeza.

Karama anapewa siku sita za kujibu, na kila siku anasimulia habari za mjumbe mmoja aliyewahi kutumwa na Kusadikika: Buruhani, Fadhili, Kabuli, Auni, Ridhaa na Amini. Wanne walikwenda pande nne za dunia, mmoja mbinguni, mmoja ardhini. Kila mmoja alitumwa rasmi. Kila mmoja alipata taabu njiani, akaona namna wengine wanavyoishi vizuri zaidi, akarudi na taarifa yenye manufaa kwa nchi. Na kila mmoja, baada ya kusikilizwa, alifungwa gerezani.

Wahakiki wamekisoma kitabu hiki kama fumbo juu ya utawala wa kikoloni, na wana haki. Mwandishi alikuwa mtumishi wa serikali ileile, na fumbo lilikuwa njia yake ya kusema bila kukamatwa. Lakini mtu akikisoma akikumbuka kazi ya mwandishi, anaona jambo jingine pia. Anaona majalada. Tume inateuliwa, inasafiri, inarudi, taarifa inawekwa ndani, aliyeileta anageuka mkosefu. Tume ya pili inateuliwa kana kwamba ya kwanza haikuwapo. Hiyo si ndoto ya mshairi aliyekaa chini ya mnazi. Ni kazi ya mtu aliyewahi kushika majalada mkononi, akajua yanavyofunguliwa na yanavyofungwa.

Sasa kwa nini katuni?

Mwaka 1965 huko Chekoslovakia, Jiří Trnka alitengeneza filamu ya dakika 18 iitwayo Ruka, yaani Mkono. Mhusika ni kikaragosi, mfinyanzi mdogo anayeishi katika chumba kimoja na ua lake. Kazi yake ni kulifinyangia ua hilo vyungu. Siku moja anaingia mkono mkubwa uliovaa glavu, mkono wa binadamu halisi usio na mwili nyuma yake. Unataka afinyange sanamu ya mkono. Anakataa. Mkono unabembeleza, unampa zawadi, unatisha, hatimaye unamfunga nyuzi na kumtia ndani ya tundu la ndege kama kinda, achonge. Anatoroka, anajifungia kwake kwa mbao na misumari, na chungu chake mwenyewe kinamwangukia kichwani. Kisha mkono uleule unamfanyia mazishi ya heshima, yenye nishani. Trnka alifariki mwaka 1969, akazikwa kwa heshima za kitaifa, na baadaye filamu yake ikapigwa marufuku na serikali ya nchi yake.

Filamu ya waigizaji isingeweza kufanya hivyo. Ukimpa mwigizaji nafasi ya ofisa, anakuwa na uso, na uso huleta huruma au chuki kwa mtu yule. Mtazamaji ataondoka akisema ofisa huyo ni mbaya, abadilishwe. Mkono usio na mwili haumwachii nafasi hiyo. Hakuna wa kumlaumu wala wa kumbembeleza, na hiyo ndiyo hali halisi ya mtu aliyesimama dirishani akaambiwa jalada lake halionekani. Aliyemwambia hivyo huenda ni mtu mwema, mcha Mungu, mwenye watoto. Kinachomrudisha nyumbani mikono mitupu si mtu huyo.

Afrika ilianza mapema kulitumia jambo hili. Mwaka 1966 Mustapha Alassane wa Niger alitoa katuni fupi iitwayo Bon voyage Sim. Rais wa nchi ya vyura anakwenda ziara ya kiserikali, anapokewa kwa shangwe, na anaporudi anakuta hana tena kiti. Ni michoro michache na vyura, na Afrika ya miaka ile yote imo ndani.

Huku kwetu mikono ya kuchora haikosekani. Watanzania wamekua na jarida la Sani na katuni za magazetini, na kipanya cha Masoud Kipanya kwa miaka mingi kimesema kutoka pembeni ya picha yale ambayo wakubwa waliochorwa katikati hawakutaka kuyasikia. Tangu mwaka 2014 Ubongo Kids, inayotengenezwa Dar es Salaam, imefundisha watoto hesabu na sayansi kwa katuni za Kiswahili kwenye televisheni. Nairobi yuko Ng'endo Mukii, ambaye filamu yake fupi ya Yellow Fever ya mwaka 2012 ilichukua jambo zito, ngozi ya mwanamke na mikorogo, ikalieleza kwa michoro na miili inayocheza. Kwa hiyo ufundi upo, lugha ipo, na watazamaji wamekwisha kuzoea.

Na jambo lenyewe halijapoa. Mwishoni mwa mwaka 2019 laini za simu Tanzania zilitakiwa kusajiliwa kwa alama za vidole na namba ya kitambulisho cha taifa. Tarehe ya mwisho, 31 Desemba, ilisogezwa hadi 20 Januari 2020 kwa sababu wengi walikuwa bado kwenye foleni za kutafuta namba hiyo. Namba ina tarakimu 20. Ina manufaa yake makubwa, na anayeipuuza hajawahi kutapeliwa kwa simu isiyo na mwenyewe. Lakini mzee wa Mkinga au Pangani aliyezaliwa kabla ya vyeti, ambaye umri wake anaujua kwa mvua kubwa au kwa mwaka wa njaa, hufika mbele ya fomu yenye visanduku vya siku, mwezi na mwaka. Kila anayekaa pwani amewahi kuona au kusikia mazungumzo ya namna hii:

"Shikamoo ni kwako mwanangu, au mimi ndiye niitikie? Nimeleta ile barua ya mtendaji."

"Marahaba bibi, samahani, shikamoo. Hii barua haina tarehe."

"Tarehe si ya jana alipoiandika?"

"Ndiyo bibi, lakini haikuandikwa. Rudi kwake akaandike, halafu uje kesho. Kesho mapema, maana mtandao unasumbua."

Bibi anaikunja barua, anaifunga pindoni mwa kanga na kuondoka. Kijana wa dirishani alimwita bibi, alimwamkia, hakumtukana. Nauli ya kesho ni juu ya bibi. Mchoraji mwenye jicho angetumia dakika nzima kwa fundo lile la kanga: linavyofungwa, linavyofunguliwa mbele ya dirisha, linavyofungwa tena, kila mara likiwa kubwa kidogo kwa sababu karatasi zinaongezeka, hadi mwishoni bibi anatembea ameinama kwa uzito wa fundo.

Kusadikika kinaomba kuchorwa kwa sababu mwandishi wake alikwisha kufanya nusu ya kazi ya mchoraji. Aliichukua nchi akaitundika hewani. Aliwapa watu majina ambayo ni tabia zao: Majivuno, Karama, Amini. Hakutupa rangi ya majumba wala sura za mawaziri, na walimu wengine wameliona hilo kama upungufu. Kwa mchoraji ni uwanja mtupu aliopewa na mwenye nyumba. Anaweza kuipa Kusadikika paa za mabati zenye kutu kama za Ngamiani mjini Tanga, veranda za mbao, minara ya mkonge iliyotoa ua lake moja kabla ya kufa. Anaweza kuiacha nchi ielee juu ya bahari, kivuli chake kikipita juu ya ngalawa zinazotoka Tongoni, wavuvi wakiinua macho na kurudi kwenye nyavu. Sauti za watu wa sokoni zikiwa za Kimtang'ata, lahaja ya pwani hii, na ya Majivuno peke yake ikiwa ya hotuba, hakuna atakayehitaji kuelezwa.

Baraza ndilo lichorwe kwa uangalifu zaidi. Katika kitabu, Karama anashinda kwa kusema tu, siku baada ya siku, na mtengenezaji filamu ataogopa kwamba maneno mengi yatachosha. Lakini kila mjumbe ni safari, na kila safari ni mandhari mpya. Filamu inaweza kutoka barazani kwa neno la kwanza la Karama na kurudi kwa mlio wa mlango wa gereza. Mara sita. Mara ya kwanza mlio utashtua, mara ya nne mtazamaji atausubiri huku ameuma meno. Na Majivuno asipewe sura ya zimwi. Achorwe nadhifu, kalamu imo mfukoni, mtu anayeamini kwa moyo wote kwamba anailinda nchi.

Kitabu kinaishia kwa Karama kuachiwa huru, na wajumbe sita kutolewa kifungoni. Shaaban Robert aliyapitia hayo upesi. Filamu isiharakishe. Gereza lifunguliwe polepole, watoke mmoja mmoja kwa mpangilio wa safari zao, ndevu zimeota, nguo ni zilezile walizorudi nazo. Buruhani atoke kwanza. Fadhili amfuate akimshika mkono Kabuli, kisha Auni, kisha Ridhaa, ambaye hata ndani ya giza alikuwa akitazama juu. Amini, aliyetumwa ardhini, awe wa mwisho. Mchoraji amwache mlangoni sekunde kumi kamili, kiganja kikiwa juu ya macho, mpaka auzoee mwanga na aanze kuitambua njia ya kwao.